Ukoo wa William Marshal ulikatikaje ilhali alikuwa na wana watano?

Mwalimu, Dodoma: Ndugu zangu, ninafundisha historia kidato cha tano, na mwanafunzi ameniuliza ilikuwaje William Marshal, aliyefariki mwaka 1219 akiwa msimamizi wa ufalme wa Uingereza kwa niaba ya mfalme mtoto Henry III, akakosa wajukuu wa kuendeleza jina lake, ilhali alizaa na Isabel de Clare wana watano na mabinti watano. Naomba msaada.

Mdau, Kondoa: Shikamoo mwalimu. Wana hao walirithiana mmoja baada ya mwingine, na hakuna aliyeacha mtoto wa ndoa. Kifo cha Gilbert, mwaka 1241, hunihuzunisha zaidi: katika mashindano ya mapambano ya farasi hatamu zilikatika, akaanguka, mguu ukanasa kwenye kikuku cha tandiko, akaburutwa. Walter na Anselm walifariki mwaka mmoja, 1245.

Mdau, Mpwapwa: Naongeza jambo moja, mwalimu. Kwa sheria ya Uingereza ya wakati huo, palipokosekana mrithi wa kiume mabinti waligawana sawa, hivyo mashamba na ngome ziligawanywa kwa mabinti hao na wazao wao.

Mwalimu, Dodoma: Marahaba, nawashukuru nyote. Kesho nitachora ukoo huo ubaoni.