Tupeane uzoefu: ulipaka rangi fenicha ya chumbani, je, ilidumu?

Mleta mada

Wakuu, habari zenu.

Kabati lililopakwa rangi jana linapendeza siku zote, na picha zake tumeziona nyingi. Mimi natafuta habari za baadaye: milango imefunguliwa na kufungwa mwaka mzima, droo zinavutwa kila asubuhi, ubao wa kichwani mwa kitanda unaegemewa kila usiku. Rangi bado ipo au inabanduka? Mwenye uzoefu atuambie fenicha yake ilikuwa ya nini, alifanya nini kabla ya kushika brashi, na leo ikoje.

Naanza mwenyewe. Langu ni kabati la nguo la milango miwili, chipubodi iliyofunikwa melamini, ile ngozi inayoteleza kama sahani. Rangi haina pa kushikia pale. Nililiosha kwanza kwa maji ya uvuguvugu na sabuni, nikasuuza, nikaliacha likauke. Kuosha kunatangulia msasa, maana ukisugua mbao yenye mafuta ya mikono unayasukumia ndani. Baada ya hapo nikapita na msasa namba 180, kwa mkono mwepesi, mpaka mng'ao wote ukapotea. Usisugue kwa nguvu ukaitoboa ile ngozi. Chini yake ni chenga za mbao zilizogandishwa kwa gundi, zikinywa maji zinavimba na hazirudi tena.

Kisha prima, yaani rangi ya msingi inayotangulia, ile ya sehemu zinazoteleza. Sikupaka kabati zima papo hapo. Kwenye ubavu unaotazama ukuta nilipaka kiraka kidogo cha prima na rangi, nikakiacha kikauke vizuri, nikakikata alama ya msalaba kwa wembe, nikabandika selotepu na kuivuta kwa ghafla. Selotepu ilitoka safi, kiraka kikabaki. Hapo ndipo nilipoigusa milango. Leo iko vizuri, isipokuwa ukingo wa chini unaogongwa na ufagio. Karibuni.

Mama wa Watatu

Asante mkuu kwa mada. Mimi nizungumzie droo, kwa sababu ndizo zilizonisumbua.

Kabati langu la droo ni la mbao, na rangi niliyotumia ni ya maji. Kwa mkono ilikuwa kavu ndani ya saa chache, lakini droo zikifungwa usiku asubuhi zinanata, na ukivuta unasikia mlio wa kitu kinachobanduka. Fundi mmoja mzee akanifafanulia kuwa kukauka na kukomaa ni vitu viwili. Rangi ya maji inakauka upesi, lakini inahitaji wiki 2 mpaka 4 kuwa ngumu kabisa, na hali ya hewa ikiwa na unyevu inachukua muda zaidi. Ikikutana rangi na rangi kabla ya hapo, zinashikana. Tangu hapo droo zangu nazipaka zikiwa nje ya kabati, na hazirudi mpaka ukiibonyeza rangi kwa ukucha pembeni isiache alama.

Halafu jamani, msipake ubavu wa droo na reli zake za mbao. Nafasi pale ni ndogo, tabaka mbili tu zinatosha kuifanya droo ikwame. Acheni mbao tupu, mpake nta ya mshumaa, itateleza vizuri.

Na rangi ya ukutani ibaki ukutani. Kwa fenicha tafuteni enameli ya maji, ile ya milango na madirisha. Inakomaa ngumu zaidi.

Kipande cha Msasa

Dada hapo juu amesema kweli tupu.

Langu ni meza ndogo ya kando ya kitanda, mahogani ya zamani, nilitaka iwe nyeupe. Tabaka la kwanza lilipokauka yakatokea madoa ya rangi ya chai, na mengine ya waridi. Tabaka la pili, yakarudi pale pale. Mbao kama ile ina tanini, kemikali asilia yenye rangi kama ya chai, inayoyeyuka kwenye maji, kwa hiyo kila ukiongeza rangi ya maji unaivuta ije juu. Hata upake mara kumi hutamaliza. Dawa yake ni prima ya shelaki (gundi ya asili inayoyeyushwa kwa spiriti), ambayo haina maji, inaifungia tanini chini. Shelaki hiyo hiyo inaziba vifundo vya msonobari vinavyotoa utomvu, na inafungia ile harufu ya kabati lililofungwa miaka mingi. Inakauka haraka sana, kwa hiyo fungua madirisha na ufanye kazi bila kurudiarudia brashi. Meza yangu bado nyeupe.

Mpenda Mbao

Naomba kutofautiana kidogo, kwa heshima. Mahogani halisi kwa nini ifunikwe? Rangi inaingia kwenye vinyweleo vya mbao, na siku ukitaka kuirudisha utaikwangua wiki nzima bila kuimaliza. Mara nyingi kinachochakaa ni vanishi ya juu tu. Jaribuni kwanza kufuta nta na uchafu kwa kitambaa chenye tapentaini, muone kilicho chini. Chipubodi na vinia (ngozi nyembamba ya mbao iliyobandikwa juu) iliyopasuka, pakeni bila wasiwasi.

Mkitumia mafuta ya mbegu za kitani, matambara yake msiyakunje mkayatupa kwenye ndoo ya takataka. Mafuta yale yanapokauka yanatoa joto, na rundo linaweza kujiwasha lenyewe. Yatandazeni nje yakauke moja moja, au yaloweke kwenye maji ndani ya chombo cha chuma chenye kifuniko.

Brashi Mbili

Kabla hamjashika msasa, wazazi mnisikilize. Fenicha ya zamani ambayo tayari ina rangi inaweza kuwa na risasi, ile metali yenye sumu, ndani ya rangi yake. Marekani ilipiga marufuku rangi yenye risasi kwa matumizi ya nyumbani mwaka 1978, na kuna nchi zilizochelewa zaidi. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango cha risasi mwilini kinachojulikana kuwa salama, na watoto wadogo ndio wanaoumia zaidi, ubongo wao unapokuwa bado unakua. Ukiisugua kavu, vumbi linatua kwenye godoro, sakafuni, kwenye vidole vinavyokwenda mdomoni.

Kwa hiyo ipime kwanza. Vipo vipimo vya kufuta kwa kijiti, na maabara zinapokea kipande cha rangi iliyobanduka. Ikiwa na risasi, usiisugue kavu wala usiichome kwa moto, mpe anayeijua kazi hiyo. Kitanda cha mtoto anayetafuna fito mimi singekipaka juu wala kukihifadhi. Ningetafuta kingine.

Seremala wa Jioni

Nyongeza za haraka. Geuzeni fenicha chini juu mtafute vitundu vya bungua, wadudu wanaotoboa mbao. Ukiona unga mpya chini yake, bado wamo, itibuni mbao kwanza. Rangi haiwaui. Vitanda vya chuma ni brashi ya waya mpaka kutu iishe, kisha prima ya kuzuia kutu siku hiyo hiyo.

Na rangi ikijikusanya na kuacha vijishimo vya duara, msiilaumu rangi. Polishi nyingi za kupuliza zina silikoni, inabaki kwenye mbao na kuikataa rangi. Futeni kwa tapentaini, mkibadilisha kitambaa kila mara, kisha shelaki.

Mleta mada

Nimejifunza mengi, ahsanteni sana. Swali moja: rafiki yangu alipaka ndani ya kabati lake nyeupe ya mafuta. Nje bado nyeupe, ndani imekuwa ya manjano. Tatizo ni unyevu?

Seremala wa Jioni

Hapana mkuu, ni giza. Nyeupe ya mafuta inageuka manjano pasipo mwanga. Mwambie aiache milango wazi mchana kwa siku kadhaa, mahali penye mwanga mzuri, sehemu ya weupe itarudi. Akitaka iliyo ya kudumu, alainishe kwa msasa namba 220, apake prima, kisha amalizie na enameli ya maji.