Puyol kutoihama Barcelona: uaminifu, au alikuwa ameshiba?

Chungu Meza
Wakuu, kila tukigusa habari za uaminifu kwenye mpira, jina la Carles Puyol, yule beki wa Barcelona, linatangulia kama bismillahi. Mechi 593, klabu moja, nahodha toka 2004 mpaka anastaafu 2014. Swali langu ni dogo. Mtu analipwa vizuri, kabeba ligi sita na Ulaya tatu, angehama aende wapi? Huo ni uaminifu au ni shibe? Halafu tuwe wakweli, sentahafu wa mita 1.78 nani angemsajili? Lile goli lake la kichwa la Durban, Hispania na Ujerumani nusu fainali ya Kombe la Dunia 2010, lenyewe Wajerumani walilala.

Mzee wa Kona
"Walilala" ndiyo nini? Irudie ile mechi, 7 Julai 2010, dakika ya 73. Acha kumtazama Xavi anayepiga, mtafute Puyol. Yuko nyuma kabisa, nje ya msongamano. Wajerumani wamesimama, macho kwenye mpira. Mpira ukipigwa ndipo jamaa anachomoka. Anayeruka kwa mguu mmoja akitoka mbio atampita tu aliyerukia pale pale aliposimama, hata kama ni Mertesacker mwenye karibu mita mbili. Kwenye kona hupimwi na fundi cherehani.

Hala Kudumu
Ile si krosi ya Iniesta?

Mzee wa Kona
Krosi ya Iniesta ilikuwa kipindi cha kwanza, Puyol akaichupia na kuipaisha juu ya mwamba. Goli ni kona ya Xavi. Mkuu, angalia mechi kwanza ndipo uchangie.

Chungu Meza
Na Müller hakucheza, alikuwa na kadi. Hilo hamlisemi.

Dada Kipenga
Müller winga, kaka. Kwa hiyo Ujerumani nzima ilikuwa inamtegemea Müller akabe kona?

Bakari wa Namba Mbili
Narudi kwenye swali. Puyol amepandishwa timu ya wakubwa na kocha Van Gaal Oktoba 1999. Barcelona ilikuwa imetoka kuchukua ligi msimu uliopita, na haikuliona kombe lolote kubwa tena mpaka 2005. Msimu wa 2002/03 ilimaliza ya sita. Hiyo ndiyo miaka yake bora ya kuuzwa, na hakuondoka. Kabla ya hapo, 1998, klabu yenyewe ilishakubali ofa ya Málaga, yeye akakataa kwa sababu alimwona rafiki yake Xavi amepata nafasi timu ya wakubwa. Shibe iko wapi hapo?

Hala Kudumu
Uaminifu mnaujua nyie? Manolo Sanchís. Real Madrid toka 1983 hadi 2001, mechi 710, hajawahi kuvaa jezi nyingine. Ila kwa kuwa hakuwa na nywele za simba kama Puyol, hakuna anayemtaja.

Dada Kipenga
Sanchís namheshimu, ila kama hoja ni shibe, yeye ndiye aliyekaa jikoni: ligi tano mfululizo toka 1986 hadi 1990. Na mbona Sergio Ramos, beki wenu mwingine wa Madrid, humtaji?

Hala Kudumu
Ramos alitoka Sevilla 2005, sikusema ni wa klabu moja. Usiniwekee maneno mdomoni, dada. Na magoli 101 kwa beki, Puyol wenu anayo 18.

Dada Kipenga
Ramos anapiga penalti! Zitoe penalti kwanza ndipo ulinganishe.

Hala Kudumu
Goli lake la La Décima, fainali ya kombe la kumi la Ulaya la Madrid 2014, dakika ya 93, ilikuwa penalti?

Mzee wa Kona
Tena hiyo nayo ni kona, ya Modrić. Mnaona? Wapiga kona wangekuwa na heshima yao huu mjadala usingekuwepo. Kwa anayefundisha vijana: kosa namba moja ni kuanza mbio mapema. Ukiwahi, mpira unakukuta umeshasimama chini yake, na hapo unaruka kama mtu anayechuma embe. Subiri mguu wa mpigaji uguse mpira. Kosa la pili ni mabeki wa kati wote wawili, namba nne na namba tano, kukimbilia sehemu moja. Durban nusura Piqué na Puyol wagombee mpira ule ule. La tatu, mkipanda wote, beki wa pembeni mmoja na kiungo mkabaji wabaki nyuma, la sivyo kipa akiudaka na kuurusha haraka mmekwisha.

Chungu Meza
Sikuuliza jinsi ya kupiga kona.

Mzee wa Kona
Wewe ndiye uliyesema walilala.

Jirani wa Camp Nou
Mnasahau kazi yenyewe ya beki. Ile siku Figo, aliyetuhama kwenda Madrid, anarudi na jezi yao, kichwa cha nguruwe kinatua uwanjani, Puyol akamfuata kama kivuli dakika zote. Na 2002 dhidi ya Lokomotiv Moscow, kipa ameshapitwa, akalizuia shuti la mshambuliaji wao Obiorah kwa kifua, pale penye nembo. Mtu wa shibe hafanyi hivyo.

Hala Kudumu
Kifua kwenye nembo. Sasa tumeingia kwenye mashairi.

Bakari wa Namba Mbili
Basi chukua hesabu. Januari 2013 alisaini mkataba mpaka 2016. Magoti yalishapasuliwa sana na madaktari, na Machi 2014 akatangaza kwamba msimu ukiisha anaondoka. Miaka miwili ya mshahara akaiacha mezani, wakati angeweza kukaa kwa daktari huku analipwa, na hakuna ambaye angemgusa nahodha. Chungu Meza, hili unalijibuje?

Chungu Meza
Sijakataa. Ila hata kombe la Ulaya la 2011 pale Wembley si yeye aliyelinyanyua, nahodha gani huyo?

Dada Kipenga
Ni yeye aliyempa beki mwenzake Abidal kitambaa ili alinyanyue, miezi miwili tu baada ya Abidal kufanyiwa upasuaji wa uvimbe kwenye ini! Puyol mwenyewe aliingia dakika za mwisho akimpokea Alves. Wewe kaka unabishana au unachokoza?

Chungu Meza
Nachokoza kidogo. Lakini urefu wake bado ni 1.78.

Mzee wa Kona
Cannavaro, beki wa Italia, ana 1.75 na alishinda Ballon d'Or, tuzo ya mchezaji bora, 2006. Endelea.

Hala Kudumu
Cannavaro alikuwa wetu Madrid, asanteni.

Dada Kipenga
Jirani, kichwa cha nguruwe ni Novemba 2002, mechi iliisha 0-0. Figo aliporudi mara ya kwanza ni Oktoba 2000, Barcelona ikashinda 2-0, na hiyo ndiyo Puyol alimfuata mpaka kwenye kivuli chake.