Naomba ushauri: picha zangu niziweke kwa CC BY au yenye NC?

PwaniLenzi: Wakuu, habari za jioni. Mimi ni mpiga picha mdogo tu hapa Bagamoyo. Nina picha za mashua, magofu ya Kaole na mnada wa samaki, nataka kuziweka mtandaoni. Kwenye leseni za Creative Commons, zile za kuwaruhusu watu watumie kazi yako bure kwa masharti, nichukue CC BY, ambayo yeyote anatumia ilimradi ataje jina langu, au yenye NC inayokataza biashara? Nataka nilimalize kabla ya Ijumaa. Usingizi sipati.

MzeeWaDunda: Kijana, leseni ni ya gari. Sisi tulipiga picha studio, pazia lina ndege na ngazi, unarudi baada ya wiki kuchukua. Hakuna aliyemwibia mtu.

TumbiliWaTanga: Picha yangu ya Raskazone niliikuta kwenye kadi ya harusi ya watu nisiowajua. Hata pilau sikualikwa. Andika jina lako kubwa katikati, basi.

BintiMaktaba: Inategemea unataka zifike wapi. Wikimedia Commons, ghala la picha la Wikipedia, hawapokei NC wala ND, ile inayokataza kusambaza picha iliyobadilishwa. Wanataka CC BY, CC BY-SA (akiibadilisha na kuisambaza, aitoe kwa leseni hiyohiyo) au CC0 (unaachia haki zote). Na ujue ukishatoa hairudi. Unaweza kuiondoa picha ulikoiweka, lakini aliyeipata kwa leseni ile anaendelea nayo, mradi afuate masharti. Ila kwa nini Ijumaa?

PwaniLenzi: Ijumaa ni siku tu.

BintiMaktaba: Mkuu, sema.

PwaniLenzi: Haya. Picha moja, ya mashua na machweo baharini, niliiweka mwaka jana kwa CC BY-SA. Sasa kuna hoteli inaitaka iwe yao peke yao, mwingine asiiguse. Ijumaa tunasaini. Nikibadilisha leo nikaandika "haki zote zimehifadhiwa", nani atajua? Kwani si picha yangu?

UstadhMdogo: Riziki ya ujanja haina baraka, ndugu yangu.

WakiliWaKijiweni: Ni yako, ndiyo. Lakini unauza shamba ambalo majirani umeshawapa njia ya kupita. Shamba lako, njia huwezi kuifunga. Waeleze wazi, uwauzie ruhusa isiyo ya pekee: waitumie bila kutaja jina na bila masharti ya SA. Hiyo unaruhusiwa kuuza, maana haki bado unazo. Wakitaka ya peke yao, wape ambayo haijawahi kutoka.

MchuuziWaPono: Hii chai. Bagamoyo jua linachomoza baharini, linazama bara. Machweo baharini umeyapigia wapi, Unguja?

TumbiliWaTanga: 😂😂 Tena chai ya tangawizi. Nami nilikuwa namhurumia!

PwaniLenzi: Jamani, maji yalikupwa. Nikatembea mpaka kwenye fungu la mchanga, nikageuka nikaupiga mji. Mashua zimelala, jua nyuma ya minazi. Nimesema baharini kwa sababu mimi ndiye nilikuwa baharini!

MchuuziWaPono: Itupie hapa tuione.

PwaniLenzi: Hoteli wamenikataza kuisambaza.

MchuuziWaPono: Si nimesema? Chai.

BintiMaktaba: Ngoja. Wanakukatazaje na hujasaini?

PwaniLenzi: Nilichukua advansi. Laki tatu. Msinihukumu, nimeshanunua lenzi, na bila lenzi kazi haziji. Ningewarudishia nini sasa?

WakiliWaKijiweni: Ndiyo maana hulali. Ungeanza na hilo. Wapigie kesho asubuhi, usingoje Ijumaa wakaikuta picha kwa mtu mwingine na saini yako ipo. Omba advansi ihesabiwe kwenye picha nyingine.

PwaniLenzi: Lakini wao wanaipenda hiyohiyo. Labda nikiigeuza iwe nyeusi na nyeupe itahesabika mpya?

BintiMaktaba: Ile ya rangi bado ipo kwa watu, mkuu.

MzeeWaDunda: Na mwenye mashua kapata ngapi?

TumbiliWaTanga: Lenzi gani hiyo kwanza?

PwaniLenzi: 50 mm, f/1.8. Mtumba.

TumbiliWaTanga: Kwa laki tatu zote? Umepigwa.