Miaka 32 bila ushindi wa mtoano: mlioko Michigan, nielewesheni kuhusu Detroit Lions

Binti_Kigamboni

Shikamooni wakubwa, wadogo hamjambo.

Niliingia Michigan mwaka jana, nafanya kazi ya kuhudumia wazee. Kuna babu mmoja wa miaka 86 ambaye namwogesha na kumlisha kila asubuhi. Tangu apate kiharusi maneno yake ni machache. Kwenye kabati dogo pembeni mwa kitanda ana kipande cha kadibodi kilichoandikwa kwa wino wa bluu: 38–6. Nikikiinua ili nifute vumbi, ananikazia macho mpaka nikirudishe pale pale. Nilidhani ni namba ya bima. Mwanawe ndiye aliyeniambia kwamba ni matokeo ya mechi ya Lions, timu ya futiboli ya Kimarekani ya Detroit, ya tarehe 5 Januari 1992, kwamba babu alikuwepo uwanjani, na kwamba baada ya siku hiyo Lions hawakushinda tena mechi hata moja ya mtoano mpaka Januari 2024.

Mimi nimekulia kwenye mpira wa miguu. Baba ni Yanga damu, nyumbani matokeo yakiwa mabaya tulikuwa tunakula kimya. Ila miaka 32! Timu ya kulipwa, uwanja unajaa, inakosaje ushindi mmoja? Mbona haikushuka daraja? Na kimebadilika nini? Naomba mnieleweshe, nipate cha kumwambia babu asubuhi zaidi ya "fungua mdomo kidogo".

Kipanga_Toledo

Dada karibu. Jibu ni moja, laana ya Bobby Layne. Huyu ndiye alikuwa kwotabeki wao, yaani yule anayepokea mpira kila shambulizi na kuamua uende wapi. Akawapa ubingwa 1952 na 1953. Walipochukua tena 1957 alikuwa kavunjika mguu. Mwaka 1958 wakamuuza Pittsburgh. Inasimuliwa kwamba aliondoka akisema Detroit haitashinda kwa miaka 50. Hesabu mwenyewe: mwaka wa hamsini ni 2008, na 2008 walicheza mechi 16 wakafungwa zote 16, timu ya kwanza kufungwa zote katika msimu wa mechi 16. Waulize watu wazima wa hapa kama ni hadithi.

Mzee_wa_Laini

Marahaba, mwanangu. Mimi mtu wa Kibokoni, Mombasa. Nimeingia Detroit Oktoba 1993, nikapata kazi kiwanda cha vipuri vya magari, shifti ya usiku. Kwa hiyo ule ushindi wa babu yako niliukosa kwa miezi 21, na uliofuata nimeungoja miaka 30. Niache niseme kwa urefu.

Kwanza la kushuka daraja. Huku hakuna. Timu ni 32 zile zile, ushike mkia miaka kumi mfululizo mwakani upo. Msimu ukiisha, zilizofanya vizuri zinaingia mtoano. Zamani zilikuwa 12, sasa ni 14. Mechi ni moja tu, hakuna marudiano, ukifungwa unafunga virago. Kwa hiyo ndani ya ile miaka 32 Lions hawakupoteza mechi 32 za mtoano. Walipoteza 9. Miaka mingine hawakufika kabisa. Kati ya Januari 2000 na Januari 2012 hawakuuona mtoano. Ukame wao ulikuwa wa namna mbili, mwanangu, wa kutofika na wa kufika ukafungwa, na huo wa pili ndio uliotuumiza.

Ile 38–6 ilikuwa dhidi ya Dallas Cowboys, uwanja wa Silverdome, Pontiac, kaskazini mwa Detroit. Mkimbiaji wa Lions, Barry Sanders, alikuwa kijana wa miaka 23. Mwisho wa mechi alichukua mpira akakata yadi 47 mpaka tachidauni, yaani kuufikisha mpira mwisho wa uwanja, na Dallas hao hao mwaka uliofuata wakawa mabingwa wa ligi nzima. Sasa fikiri: babu yako alitoka uwanjani siku ile akiamini mlango umefunguka. Kila mtu aliamini. Wiki moja baadaye Washington wakawafunga 41–10, na hesabu ikaanza.

Mimi mechi yangu ya kwanza ni 8 Januari 1994. Kazini kulikuwa na mzee wa Kimarekani tuliyesimama naye laini moja, ndiye aliyenifundisha kuvaa soksi mbili na kutia plastiki katikati. Mkewe aliugua wiki ile, tiketi ya mke akanipa mimi. Silverdome paa lake lilikuwa kitambaa, linashikiliwa na upepo unaopulizwa ndani muda wote. Watu zaidi ya 68,000 chini ya puto moja. Lions walikuwa mbele ya Green Bay 24–21, imebaki chini ya dakika. Kijana wa Green Bay, kwotabeki Brett Favre, akakimbilia upande wa kushoto, sote macho kushoto, akaurusha mpira kuvuka uwanja mzima mpaka kona ya kulia. Mwenzake Sterling Sharpe alikuwa kule peke yake. Yadi 40. Ikawa 28–24. Mimi sheria sikuzijua bado, lakini nilijua kimetokea nini kwa sababu nilianza kusikia mashine za kupuliza upepo. Mechi nzima sikuwa nimezisikia.

Tukatoka. Milango ya Silverdome ukiifungua, ule upepo wa ndani unakusukuma nje kama mtu kakutia mkono mgongoni. Yule mzee ikamruka kofia yake ya sufu, ikaenda kati ya magari kwenye theluji, tukaikimbilia wote wawili. Alipoipata akaikung'uta gotini, akaivaa, akaniambia, "Mwakani."

Mwakani ikawa 16–12, Green Bay tena, kwao. Barry Sanders alipewa mpira mara 13 na jumla yake ikawa yadi moja kurudi nyuma. Mtu yule yule ambaye 1997 alikimbia zaidi ya yadi 2,000 kwa msimu mmoja! Mwaka uliofuata Philadelphia walifika 51–7 kabla hatujajua tunacheza na nani, ikaisha 58–37. Kisha Tampa. Kisha Washington tena, na hapo Barry alikwisha ondoka. Alistaafu 1999, mzima wa afya, rekodi ya maisha ya kukimbia yadi nyingi kuliko wote ikiwa mbele yake kidogo tu. Alipeleka ujumbe kwa faksi kwenye gazeti la mji wake, basi. Watu hapa walimlaumu. Mimi sikumlaumu.

Nyingine inayoniuma mpaka leo ni ya 4 Januari 2015, Dallas. Tuko mbele 20–17, robo ya mwisho. Mpira ukarushwa kwa Brandon Pettigrew, beki akamvaa bila hata kuutazama. Mwamuzi akatupa kibendera cha njano, faulo ikatangazwa kwenye spika uwanja mzima ukasikia. Halafu wakakiokota. Wakasema hakuna faulo, bila maelezo. Tukafungwa 24–20. Usiku ule kazini hakuna aliyefungua redio.

Sasa Kipanga, mdogo wangu, laana siikubali. Laana inawapumzisha waliokosea. Miaka ya 2003, 2004 na 2005, kila mwaka chaguo la kwanza la Lions kati ya vijana wa vyuoni lilikuwa mdakaji, yaani yule anayerushiwa mpira na kwotabeki. Watatu mfululizo! Mstari wa mbele, wale wanaomlinda kwotabeki, unavuja, kwotabeki analala chini kila dakika, wao wananunua mapazia nyumba haina ukuta. Ndiyo iliyozaa ile 2008. Bobby Layne alikwisha fariki tangu 1986, hakukaa kwenye kile kikao.

Kilichobadilika ni watu. Mwaka 2020 Sheila Ford Hamp alichukua uongozi wa timu. Januari 2021 wakaja meneja Brad Holmes na kocha Dan Campbell, ambaye mwenyewe alikuwa mchezaji wa Lions katika kikosi cha 2008. Aibu ile aliijua kwa mwili wake. Wakampeleka Matthew Stafford, kwotabeki wetu wa miaka 12, kwa Los Angeles Rams, wakapewa Jared Goff na haki za kuchagua vijana. Na chaguo lao la kwanza? Penei Sewell, jitu la mstari wa mbele. Ukuta kwanza. Msimu wa kwanza walishinda mechi 3 tu, na uongozi ukatulia. Hapo ndipo nilipoanza kuamini.

Tarehe 14 Januari 2024, Ford Field, uwanja wetu wa sasa, mpinzani ni Rams, na Stafford ndiye kwotabeki wao. Yaani tuliyemlea ndiye anasimama mlangoni. Mapumziko tuko mbele 21–17. Kipindi cha pili hakuna tachidauni hata moja, ni mipira ya kupigwa kwa mguu golini tu, pointi tatu tatu, 24–20, kisha 24–23. Goff akamrushia Amon-Ra St. Brown yadi 11, na hapo Rams hawakuweza tena kuupata mpira. Uwanja mzima ukaimba jina la Goff, mtu ambaye Rams walimwona hafai.

Yule mzee wa kofia hakuiona. Alifariki 2018. Nilimpigia binti yake kabla saa haijaisha. Akapokea, hakusema kitu, na mimi sikusema. TV yake ilikuwa nyuma ya yangu kwa sekunde chache, kwa hiyo kelele za Ford Field zikanifikia mara mbili, kwanza sebuleni kwangu, kisha kwenye simu. Tukakaa hivyo mpaka zikaisha pande zote mbili.

Babu yako umwambie hivi, mwanangu: muulize habari ya upepo wa mlangoni Silverdome. Usianze na 38–6, hiyo anayo. Muulize upepo.

Mama_Furaha_Cincy

Jambo kwenu wote. Miye ni Mkongo wa Uvira, niko Cincinnati na watoto. Mzee, nimesoma mpaka mwisho na chai imepoa. Siye hapa tulikuwa na yetu, Bengals. Walishinda 6 Januari 1991, halafu hakuna kitu mpaka 15 Januari 2022. Miaka 31. Wakati mumoja waliingia mtoano miaka mitano mfululizo, 2011 mpaka 2015, na kila mwaka wakatolewa mechi ya kwanza. Ile ya mwisho na Pittsburgh walikuwa mbele, mpira mkononi, dakika zinaisha, wakaupoteza, halafu wakafanya faulo mbili za hasira. 18–16. Mwanangu mukubwa alivua jezi akaiweka chini ya kitanda, ikakaa huko.

Siku walipoishinda Raiders 26–19, kocha Zac Taylor alichukua mipira ya mechi akaipeleka mwenyewe kwenye baa za mji, awape watu waliongojea. Hilo nililipenda sana. Mwanangu alitoa ile jezi, haimwingii tena. Anaivaa mudogo wake.

Pwani2Miami

Wote mmeshatoka jela, tumebaki sisi. Miami Dolphins, ushindi wa mwisho wa mtoano 30 Desemba 2000, Colts 23–17 muda wa nyongeza, Lamar Smith alikimbia yadi 209. Januari 2024, siku moja kabla ya Detroit kufungua kufuli, sisi tulikuwa Kansas City kwenye baridi ya nyuzi 20 chini ya sifuri, 26–7. Mama Furaha, tuombeeni.

Kipanga_Toledo

Mzee nimekusoma, na kwa hao wadakaji watatu sina jibu. Ila nikuulize: 28 Januari 2024, na San Francisco, Lions wanaongoza 24–7 mapumziko, tiketi ya Super Bowl, fainali ya ligi, iko mfukoni, kisha wanafungwa 34–31. Na msimu uliofuata wanashinda mechi 15 kati ya 17, wanakuja kutolewa nyumbani na Washington 45–31. Bado hawajacheza Super Bowl hata moja. Hapo ni uongozi pia?

Mzee_wa_Laini

Hapo ni mpira, mdogo wangu. Mechi ya San Francisco kocha wetu aliacha kujaribu pointi tatu mara mbili akatafuta kubwa. Wengi wamemlaumu, mimi ningemwacha afanye hivyo tena, kwa sababu ndivyo alivyotufikisha pale. Niliumia, lakini niliumia kama mtu wa timu yoyote. Ile ya zamani ilikuwa nyingine. Ya zamani ulikuwa ukiongoza unaogopa.

Binti_Kigamboni

Asanteni sana, wote. Mzee wangu wa Kibokoni, Mungu akuweke.

Leo asubuhi nilipomaliza kumlisha nikamfuta mdomo, nikamuuliza taratibu, "Silverdome, milangoni, kulikuwa na upepo?" Akanitazama muda mrefu mpaka nikadhani nimekosea neno. Kisha mkono wake mzima ukapanda juu. Ule mwingine, ambao tangu niajiriwe sijauona ukipita kifuani, akauinua mpaka shingoni, nikausaidia uliobaki. Akaishika kofia ambayo haipo kwa mikono yote miwili, amefumba macho, anacheka bila sauti.