Mjadala: Kocha aliyewalipia wanafunzi nauli na chakula alistahili kusimamishwa?

Wakuu, hoja yangu leo inatoka Miami, na naileta nikiwa na upande tayari. Julai 2025 shule ya sekondari ya Miami Northwestern ilimsimamisha kocha wake mkuu wa futiboli ya Kimarekani, Teddy Bridgewater. Kosa lenyewe: alitoa fedha zake kuwalipia wachezaji usafiri wa Uber, chakula cha kabla ya mechi, na huduma za kurudisha mwili katika hali nzuri baada ya mechi. Nasema hakustahili kusimamishwa, na sheria iliyotumika inatakiwa kuandikwa upya. Mwenye mtazamo tofauti aje na hoja, ila kwanza tumjue tunayemjadili.

Bridgewater si mgeni pale. Shule iko Liberty City, mtaa wa Wamarekani Weusi wenye hali ngumu, na yeye mwenyewe alisoma hapo hapo. Alicheza kama kwotabeki, yule anayepokea mpira shambulizi linapoanza na kuamua kama ataurusha, atamkabidhi mwenzake au atakimbia nao. Akaenda Chuo Kikuu cha Louisville, na mwaka 2014 Minnesota Vikings, timu ya ligi ya kulipwa ya NFL, wakamchagua kwenye zoezi la timu kugawana wachezaji wapya kutoka vyuoni; alikuwa wa 32, nafasi ya mwisho ya raundi ya kwanza. Mama yake, aliyemlea bila baba nyumbani, alikuwa ameshapambana na saratani ya matiti wakati kijana angali mwanafunzi.

Agosti 30, 2016, mazoezini, bila kuguswa na mtu yeyote, goti lake la kushoto liliteguka na kano zikakatika. Ilibaki kidogo apoteze mguu wenyewe, achilia mbali kazi. Karibu misimu miwili ikapita bila yeye kucheza. Halafu 2019, akiwa New Orleans Saints, kwotabeki wao mkuu Drew Brees akaumia kidole gumba. Bridgewater akaanzishwa mechi tano na timu ikashinda zote tano. Timu ya Carolina ikampa mkataba wa miaka mitatu wa dola milioni 63. Baadaye alipita timu za Denver, Miami na Detroit, na msimu wa 2023 ulipokwisha akastaafu.

Mtu wa aina hiyo angeweza kwenda kukaa kwenye kiti cha uchambuzi wa televisheni. Yeye Februari 2024 akachukua timu ya shule yake ya zamani, iliyokuwa imetoka kwenye msimu wa kushinda mechi 4 na kupoteza 6. Desemba mwaka huo huo vijana walikuwa mabingwa wa jimbo katika daraja lao, wakiwa wameshinda 12 na kupoteza 2, na fainali waliichapa Raines ya Jacksonville 41 kwa 0. Wiki hazikuwa zimefika mbili tangu fainali hiyo, Detroit Lions wakamrudisha kuwa kwotabeki wa akiba. Msimu wa shule ulikuwa umekwisha, kwa hiyo hakuacha kazi ya mtu.

Sasa tufike kwenye mgogoro. Hakuna mpelelezi aliyemfichua. Ni yeye aliyeandika Facebook akiomba watu wachangie gharama za msimu mpya, na akazitaja: kwa makadirio yake, Uber dola 700 kwa wiki, huduma za miili dola 1,300, chakula cha kabla ya mechi dola 2,200. Kuhusu usafiri alieleza sababu ambayo mzazi yeyote wa mtaa ule angeielewa: hakutaka watoto watembee kurudi makwao kwenye mitaa isiyo salama. Shirikisho la michezo ya shule za Florida, FHSAA, linakataza kile linachokiita manufaa yasiyoruhusiwa, na malipo hayo yaliingia humo.

Wanaotetea adhabu wana hoja moja ambayo naiheshimu. Tangu sheria ya jimbo iliyopitishwa 2016, mwanafunzi wa Florida anaweza kuhamia shule ya umma yoyote yenye nafasi na akaruhusiwa kucheza mara moja. Mipaka ya makazi imeondoka. Kwa hiyo katazo la zawadi ni moja ya breki chache zilizobaki kumzuia kocha mwenye fedha asikusanye vipaji vya kaunti nzima. Ukisema "mruhusuni Bridgewater," wanasema, kesho atakuja tajiri wa shule nyingine, huyo hana shida na usalama wa mtoto, anataka mkimbiaji wa jirani tu. Hofu hii ni ya kweli. Florida ni kati ya majimbo yanayozalisha wachezaji wengi zaidi wa futiboli, na vita vya kugombea vijana huko si hadithi.

Lakini tazameni jinsi katazo lilivyofanya kazi hapa. Halikuuliza kama mtoto alikuwa ameshasajiliwa shuleni kabla ya kupewa chochote. Halikuuliza kama alipewa mmoja mwenye mkono wa dhahabu au timu nzima. Halikuuliza kama jambo lilifanyika gizani au liliandikwa hadharani. Kumrubuni mtoto ahame na kumtunza mtoto uliye naye ni vitendo viwili, vina nyakati tofauti na vina dalili tofauti. Anayerubuni hutoa ahadi kabla ya uhamisho, humpa mmoja, na huficha. Sheria isiyotaka kuangalia hata moja kati ya hayo haimlindi mtoto; inamrahisishia kazi mtu wa ofisini.

Na kuna jambo linaloniudhi zaidi. FHSAA hiyo hiyo, mwaka 2024, ilifungua mlango kwa wanafunzi wachezaji kulipwa kwa matumizi ya majina na sura zao, na bodi ya elimu ya jimbo ikaidhinisha. Maana yake kijana wa miaka 16 anaweza kusaini tangazo la duka la viatu na kuingiza fedha, ila kocha wake hawezi kumwitia gari limfikishe kwa mama yake usiku. Nani atafaidika na matangazo? Nyota mmoja au wawili. Beki wa akiba ambaye hakuna duka linalomjua ndiye aliyekuwa anahitaji nauli. Kwa utaratibu huu fedha zimeruhusiwa kumfikia asiye na shida na zimezuiwa kumfikia mwenye shida.

Hapa naachana kidogo na mashabiki wa Bridgewater. Zile dola 1,300 za huduma za miili siziweki kapu moja na chakula na usafiri. Kula na kufika nyumbani salama ni mahitaji. Huduma za kitaalamu za kuutengeneza mwili ni faida ya ushindani, na shule pinzani isiyo na kocha milionea ina haki ya kulalamika. Sheria ikiandikwa upya, mstari uchorwe hapo.

Seneta Shevrin Jones wa Florida, mwaka 2025, aliwasilisha mswada wa kumruhusu kocha mkuu kutumia hadi dola 15,000 zake kwa mwaka kwa ustawi wa wachezaji, kwa sharti la kutoa taarifa kwa shirikisho na kutozitumia kuvuta wachezaji. Nia nzuri. Ila pigeni hesabu: makadirio ya Bridgewater yanafika dola 4,200 kwa wiki, na timu yake ilicheza mechi 14. Dola 15,000 haziwezi kuvuka hata wiki nne. Ukibakiza Uber peke yake, wiki 14 ni dola 9,800, zinatosha. Chakula peke yake kingemaliza zote wiki ya saba haijaisha.

Tena mswada unazungumza na kocha mwenye fedha. Makocha wengi wa shule za umma hupata posho ndogo tu kwa kazi hiyo. Kuwaambia "mnaruhusiwa kutoa" ni kuwapa ruhusa ya kitu wasichonacho. Na hata mwenye nacho anaweza kuondoka, msaada ukaondoka naye: Agosti 2025, muda mfupi baada ya kusimamishwa, Bridgewater alisajiliwa na Tampa Bay Buccaneers ya NFL. Yeye alipata kazi. Vijana walibaki na barabara ile ile.

Ndiyo maana msimamo wangu una sehemu mbili: katazo lisiguse chakula na usafiri wa mwanafunzi aliyekwisha kusajiliwa, hesabu zikiwekwa wazi kwa wote, na nauli ya baada ya mazoezi ibebwe na wilaya ya elimu yenyewe, kwa kila shule, awe kocha tajiri au maskini.

Kwa wale wa "sheria ni sheria", naomba jibu la jambo moja mahususi. Mazoezi yamekwisha, giza limeingia, mchezaji hana wa kumfuata, na shule haina basi la jioni. Kocha amesimama naye getini, simu mkononi. Kwa mujibu wa sheria mnayoitetea, afanye nini?