Nyimbo za Krismasi za zamani: mbona hatuzichoki, na mbona hatutungi zetu?

Sauti ya Pili
Wapendwa nauliza kwa moyo mweupe. Niko kwaya tangu darasa la sita na sasa nina watoto wawili. Kila Novemba faili ni lile lile, Usiku Mtakatifu, ule wa malaika ulioandikwa na Mwingereza Charles Wesley, na zile mbili tatu za wakati wa sadaka. Kila mwaka najiambia safari hii nitachoka. Halafu yaja tarehe 24, taa zazimwa, mishumaa yawashwa, kaskazi imeleta joto lake, joho limenata mgongoni, na tukifika ubeti wa mwisho koo lanikaba, naimba machozi yakinitoka. Juzi kijana mmoja wa besi akasema tuachane nazo, ni za watu wa theluji, tutunge za minazi na bahari. Nilitaka kumjibu nikakosa neno. Hata salamu, "heri ya Krismasi na fanaka za mwaka mpya", mamangu aliiandika kwenye kadi miaka ya themanini na mimi naituma kwa simu vile vile. Kwa nini hatuchoki? Au ni mazoea tu?

Mzaliwa Changamwe
Kijana ana haki. Mimi nafanya kazi karibu na supamaketi moja, tangu mwanzo wa Novemba spika yapiga Jingle Bells asubuhi mpaka jioni. Wimbo ule ni wa 1857, wa Mmarekani anaitwa Pierpont, na ukiusoma mwanzo mwisho hamna Yesu, hamna Krismasi, ni vijana wanakimbiza farasi kwenye baridi. Sisi twaushikilia wa nini na hapa tumekwama kwenye foleni ya malori jua linatuchoma? Tena tuseme ukweli, Krismasi yenyewe hapa Mombasa ni mambo ya wabara, wenyewe hawakuwa nayo.

Mtoto wa Kengeleni
Hapo umenigusa pabaya. Wenyewe ni kina nani? Nyanyangu kazaliwa Frere Town, hapa hapa Mombasa, na mamake kazaliwa Frere Town. Mji ule ulianzishwa 1875 na wamisheni wa CMS, shirika la Kianglikana la Uingereza, kwa watu waliotolewa kwenye majahazi ya watumwa, na ile kengele pale barabarani ndiyo iliyoipa Kengeleni jina lake. Krapf, mmisionari Mjerumani, alifika Mombasa 1844. Reli iliyofungua njia ya bara ilianza kujengwa 1896, tena ilianzia hapa hapa. Sasa nani kamletea nani Krismasi? Nyanya alikuwa akikuna nazi huku anaimba nyimbo za Noeli kwa Kiswahili chake cha pwani, theluji hajaiona mpaka amekufa na haikumzuia kuimba. Soma historia ya mji unaokaa.

Mzaliwa Changamwe
Ninaokaa? Hapo ndipo mnaponiudhi. Babangu alikuja kazi ya bandari kabla sijazaliwa, mimi nimezaliwa hapa, nimesoma hapa, nimeoa hapa, na bado ikifika uchaguzi naambiwa nirudi kwetu. Kwetu wapi? Niliposema wabara nilijihesabu na mimi humo.

Mtoto wa Kengeleni
Neno ulilianza wewe, ndugu yangu. Mimi nilijibu tu.

Bint Kuze
Mimi ni Muislamu, mtaniwia radhi nikiingia. Kwetu Maulidi ya Barzanji, kisomo cha kuzaliwa kwa Mtume, yasomwa kwa Kiarabu kile kile kila mwaka, na wengi wetu hatujui maana ya kila neno. Lakini tukifika pale pa kusimama, ubani wafuka, marashi yanyunyizwa, utaona watu wazima walia. Hawalii kwa kusikia jambo jipya. Walia kwa sababu babu alisimama pale pale kwa maneno yale yale. Dadangu Sauti ya Pili, nadhani hilo ndilo koo lako. Ukibadilisha maneno, marehemu wako hawawezi kuitikia tena. Na jirani zangu wakiniletea sahani Krismasi na mimi nikiwapelekea mahamri Idi, hatujawahi kuulizana nani mbara.

Mgeni wa Treni
Mimi ndio hao wabara mnaowasema. Tangu treni mpya ya Nairobi ianze 2017 nashuka stesheni ya Miritini kila Desemba na familia yangu. Chumba nilicholala mwezi wa tisa, ikifika tarehe 23 bei imeruka mara mbili, tuktuk naye anakuangalia viatu kwanza ndio akutajie bei, halafu nasikia nimewaletea Krismasi bila kuombwa. Kama hamtutaki semeni.

Mwenye Nyumba Mtwapa
Desemba ndio mavuno yetu bwana. Mwezi wa tano mvua yanyesha, vyumba vimefungwa, stima yalipwa, mlinzi alipwa. Wewe waona hiyo wiki moja tu.

Mgeni wa Treni
Mavuno kwa mgongo wangu.

Besi wa Nyuma
Kijana anayesemwa pale juu ni mimi. Sikusema tuachane nazo zote. Nilisema hivi: Usiku Mtakatifu ni wimbo wa Ujerumani, umetungiwa kanisa kubwa huko lenye kinanda, na sauti yake haikukatwa kwa kipimo cha Kiswahili. Kiswahili mkazo wake unakaa silabi ya pili kutoka mwisho, sasa nota ndefu inaangukia mahali pengine, mtu anavuta neno mpaka linageuka neno lingine. Nikisikia wazee wanaimba najua wanaamini, lakini lugha yetu inateseka mle ndani. Nataka tutunge sauti inayofuata maneno, na kayamba liingie. Ni dhambi?

Mwalimu Mstaafu, Tudor
Mwanangu, si Ujerumani, ni Austria. Kijiji cha Oberndorf karibu na Salzburg, na kanisa lenyewe lilikuwa dogo. Maneno ni ya padri kijana, Joseph Mohr, sauti ni ya mwalimu wa shule, Franz Xaver Gruber, na ukaimbwa mara ya kwanza mkesha wa Krismasi 1818 kwa gita. Gita, chombo ambacho mimi nilipokuwa kijana wazee walikikataza kanisani wakisema ni cha dansi! Na huo wa Wesley, maneno ni ya 1739, lakini sauti twaimbayo leo Mendelssohn, mtunzi Mjerumani, aliitunga 1840 kwa sherehe za kumkumbuka Gutenberg na uchapaji wa vitabu, Krismasi hakuifikiria hata kidogo, wengine wakaja kuvifunga pamoja yeye ameshakufa. Kwa hiyo unapotaka kuingiza kayamba hutendi jambo geni, wenye nyimbo wenyewe wamezishona upya kila mara.

Besi wa Nyuma
Shikamoo mwalimu, nimekubali Austria. Lakini la mkazo hujanijibu.

Mama Likoni
Mwataabika na Austria bure. Krismasi kwangu ni lile kundi la Boney M. Wimbo wao wa Mtoto wa Maria ukianza kulia pale kwa feri, mimi mizigo kichwani, miguu yaanza yenyewe. Wale wametunga, wengine waige.

Mwalimu Mstaafu, Tudor
Boney M waliurekodi 1978, mamangu. Aliyeutunga ni Jester Hairston, Mmarekani mweusi, na mwimbaji Harry Belafonte aliuimba 1956. Kwa hiyo hata hilo la kusema nyimbo hizi zote ni za wazungu halisimami.

Mama Likoni
Sawa mwalimu, lakini mimi nacheza na Boney M.

Mtoto wa Kengeleni
Na hilo la salamu limesahaulika. Nyanya hakusema heri ya Krismasi hata siku moja, alisema "Noeli njema" na mkono wako anaushika kwa mikono yake miwili. Hili neno Krismasi limekuja kulimeza lile. Hata serikali ilipoiita Boxing Day, ile ya tarehe 26 Desemba, siku ya Utamaduni watu waliendelea na Boxing Day, kwa hiyo sijui nani huamua neno lipi libaki.

Sauti ya Pili
Bint Kuze umenijibia, nimelisoma lako mara tatu. Besi, wewe nami hatujamalizana. Alhamisi njoo mapema kabla ya mazoezi, ule wa zamani hatuugusi, lakini niletee ubeti wako mmoja wenye mkazo mahali pake niusikie.

Mgeni wa Treni
Mtwapa, chumba cha tarehe 23 kiko au hakiko?

Mzaliwa Changamwe
Mtoto wa Kengeleni, kanisani kwenu mkesha unaanza saa ngapi?

Mtoto wa Kengeleni
Saa tatu usiku. Fika saa mbili, viti vyajaa. Uje na mkeo.