Mji Mkongwe kwa miguu, majengo na sanaa: nichukue mtembezaji au tuzunguke wenyewe?

MchoraRamani
Habari za humu wadau. Mwezi ujao tunavuka kwenda Unguja, mimi, mke wangu na mama mkwe. Kila ninayemuuliza ananiambia Kisiwa cha Changuu kwenye makobe, mashamba ya viungo, halafu Nungwi. Vyote vizuri sikatai, ila mimi kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba na ninachokitaka hasa ni kuona Mji Mkongwe kwa miguu, majengo, milango, na sanaa kama ipo, siku moja nzima nikiweza. Sasa nimegawanyika. Wengine wanasema chukua mtu akutembeze, wengine wanasema ni kupoteza hela maana mji wenyewe mdogo, ingia tu vichochoroni upotee mpaka utokee baharini. Wenyeji na mliowahi kutembezwa nisaidieni, mtembezaji anaongeza nini ambacho macho yangu hayatakiona? Na tuanze saa ngapi, kwa sababu mama miguu inamsumbua kidogo.

MtotoWaKiponda
Karibuni sana kwetu. Jibu fupi ni chukua mtembezaji, ila chagua. Ukishuka tu bandarini papasi, wale watembezaji wasio na leseni, watakuzunguka, kila mmoja atakwambia yeye ndiye anayejua kila kitu. Mwombe akuoneshe kitambulisho cha utalii, mwenye leseni anacho na hasiti kukitoa. Bei mkubaliane kabla hamjapiga hatua ya kwanza. Na mwambie mapema kabisa unataka majengo, sio maduka, usipomwambia hivyo nusu ya matembezi itaishia kwenye vinyago na vitambaa vya mtaa wa Gizenga.

Saa: anzeni saa mbili asubuhi, jua halijapanda na njia hazijajaa. Mkimaliza saa tano mnapumzika, mnatoka tena baada ya alasiri mwanga ukiwa umelala, hapo ndio nakshi zinaonekana vizuri kwa sababu kivuli kinaingia kwenye mikato. Saa sita mchana mlango wa nakshi unaonekana bapa kabisa, picha haitoki.

Wengi wanaanzia Forodhani na mimi sioni ubaya wake. Ukisimama pale kwenye bustani ukageuka kuutazama mji, unaona karibu kila mtu aliyewahi kuitawala Zanzibar amekuachia ukuta. Ngome Kongwe waliijenga Waomani baada ya kuwatoa Wareno mwishoni mwa karne ya 17, na pale ilipo palikuwa na kanisa la hao Wareno. Pembeni yake Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu la Sultani Sayyid Barghash, 1883, nguzo za chuma na veranda zinazozunguka kila ghorofa. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu ya jumba hilo iliporomoka likiwa kwenye ukarabati na watu wawili wakafariki, kwa hiyo msije na matumaini ya kuingia ndani, litazameni kutoka nje. Kisha fuateni barabara ya pwani mpaka Old Dispensary, ile zahanati ya Tharia Topan, mfanyabiashara wa Kihindi. Jiwe la msingi liliwekwa 1887, jengo likaisha 1894, yeye mwenyewe alishafariki. Roshani zake za mbao zilizotobolewa maua sijaona za kuzifikia hapa mjini. Watu wanazipita wakiwahi boti na mimi roho inaniuma kila nikiwaona.

Baada ya hapo ingieni ndani, mitaa ya Kiponda, Hurumzi, Mkunazini. Huko ndiko mtembezaji anapostahili hela yake, maana njia hazina mantiki ya ramani hata kidogo.

Chokaa_na_Boriti
Aliyoyasema hapo juu yote sawa, ila wewe umesema unachora nyumba, kwa hiyo naongeza ambayo watembezaji wengi wanayaruka. Wanakupa masultani na miaka, nyumba yenyewe imesimamaje hawakwambii.

Tafuta ukuta uliobanduka. Sio kazi, iko mingi. Utaona mawe ya matumbawe, hayana umbo, yamepangwa ndani ya udongo na chokaa, na unene wake unaweza ukaweka mkono mzima mpaka bega kwenye dirisha usifike nje. Chokaa yenyewe ilitokana na matumbawe hayohayo, yanachomwa kwa magogo kwenye tanuu, yanazimwa kwa maji, yanaachwa yaive. Juu ya huo ukuta zinalala boriti za mikoko, zimepangana karibukaribu, juu yake mawe na chokaa tena, inapondwa mpaka ishikane. Sasa boriti ya mkoko ina urefu wake, haikupi chumba kipana zaidi ya mita 3 hivi, na ndiyo maana ukiingia nyumba yoyote ya zamani pale unakuta chumba kirefu chembamba, hata kwa tajiri. Utajiri ulioneshwa kwa urefu wa chumba, vidaka (vishimo vya kuwekea vitu) ukutani na mlango wa mbele, upana haukuwezekana. Ukishalijua hilo utaanza kuusoma mpango wa nyumba ukiwa nje, kwa kuhesabu madirisha tu.

Na kitu kinachonisumbua kila nikipita: saruji. Mwenye nyumba anaona plasta ya chokaa inabanduka, anamwita fundi, fundi anapiga saruji kwa sababu ndiyo anayoijua na inakauka haraka. Ukuta wa chokaa unavuta maji na kuyatoa, ndivyo ulivyoishi miaka yote hiyo. Ukiufunika kwa saruji maji yanakwama ndani, yanapanda mpaka kwenye vichwa vya boriti vilivyochomekwa ukutani, boriti inaoza kimyakimya, halafu siku moja ya masika ghorofa linashuka. Mwambie mtembezaji wako akuoneshe nyumba mbili jirani, moja ya chokaa na moja iliyopigwa saruji, uweke kiganja kwenye kila moja. Ile ya saruji utaikuta imevimba na kuacha mistari ya chumvi chini. Mji uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2000 lakini orodha haimpigii mtu plasta, tunahitaji mafundi wa chokaa wengi zaidi, na wachora ramani kama wewe mnaojua kwa nini.

MchoraRamani
Aisee Chokaa_na_Boriti hiyo ya boriti kubana upana wa chumba imenifungua macho, asante sana. Swali lingine, sanaa je? Nimesikia tingatinga zimejaa, ni za hapo?

BintiWaNakshi
Kaka tingatinga zimejaa kweli lakini asili yake sio Unguja. Edward Saidi Tingatinga alianza kuchora Dar mwishoni mwa miaka ya 1960, kwenye vipande vya hadibodi kwa rangi za mafuta zile za kupakia baiskeli, na akafariki 1972. Ukipenda nunua, ila usidhani umenunua sanaa ya Mji Mkongwe. Sanaa ya Mji Mkongwe iko mlangoni.

Ukifika mbele ya mlango usianze na picha, kaa nao kidogo. Tazama juu kwanza: ukiona kizingiti kimenyooka, ule ni mtindo wa zamani zaidi. Ukiona umepanda kwa tao la nusu duara, hapo mkono wa Gujarat ya India umeingia, na mara nyingi ni wa baadaye, zama za Barghash na kuendelea. Kisha shuka kwenye mfaa, ule mti wa katikati unaofunika maungio ya mbao mbili, mafundi walikuwa wakiumalizia hapo ustadi wao wote. Halafu fremu: pembeni unakuta mnyororo umechongwa kutoka juu mpaka chini, ndani yake maua, chini kabisa samaki na mawimbi, juu pengine aya ya Qurani na mwaka wa Hijria. Mbao ni msaji, mvule au mfenesi. Misumari mikubwa ya shaba ilitoka India kama desturi ya kuzuia tembo wasivunje milango, Zanzibar hakukuwa na tembo hao, ikabaki kuwa pambo na heshima ya mwenye nyumba.

Mtembezaji akikwambia mnyororo maana yake mwenye nyumba alikuwa na watumwa, msikilize lakini usiandike kwa wino. Wengine wanasema ni ulinzi wa nyumba, na huo mnyororo uko kwenye milango mingi mno kuwa na maana moja tu.

Nenda pia nyumba ya Tippu Tip, yule mfanyabiashara wa pembe na watumwa, kule mtaa wa Shangani uone mlango na ngazi zake za mawe meusi na meupe. Ukikuta watu humo, salamu kwanza, hodi, kisha uombe kupiga picha. Ukikataliwa shukuru upite.

Na msikose Mkunazini. Soko la watumwa lilifungwa 1873 na kanisa la Anglikana likajengwa papo hapo chini ya Askofu Edward Steere. Nje kuna sanamu za Clara Sörnäs za mwaka 1998, watu watano wamesimama ndani ya shimo, shingoni wana minyororo halisi ya zama zile. Zimechongwa kwa namna ambayo miguu huioni vizuri, kama wanatokea ardhini. Mtembezaji mzuri akifika pale anapunguza maneno. Kama wako anaendelea kuporomosha historia mwombe dakika chache msimame tu.

Ngambo_Damu
Nyote mnazunguka ndani ya Mji Mkongwe kama vile Zanzibar inaishia barabara ya Darajani. Mkuu umesema majengo, basi vuka barabara! Michenzani ni majengo pia. Yale maghorofa marefu ajabu yaliyojengwa baada ya Mapinduzi ya 1964 enzi za Mzee Karume, kwa msaada wa Ujerumani Mashariki, yamekaa pande nne za mzunguko na yanaonekana mpaka angani kwenye ndege. Mtu anaweza kusema hayapendezi, haya, lakini yalikuwa na wazo: watu waliokuwa kwenye nyumba za udongo na makuti wapate bomba, umeme na choo ndani. Kwa mchoraji wa nyumba kuona kiambaza cha mawe ya matumbawe asubuhi na bloku la Kijerumani jioni, umbali wa kutembea tu, hiyo ni shule ambayo hakuna mtembezaji anakuuzia. Na watu wa Ng'ambo, yaani upande huu wa pili wa barabara, ndio waliokuwa wanabeba yale mawe.

MtotoWaKiponda
Ngambo_Damu nakubaliana nawe, hoja nzito hiyo, ila wana mama mwenye miguu mibovu. Ningewagawia hivi. Asubuhi Forodhani, Old Dispensary na milango ya Kiponda, muda usiozidi masaa mawili na nusu, na mama akichoka hakuna shida kwani baraza ziko nje ya nyumba nyingi, zimejengwa na ukuta wenyewe, akae, wenye nyumba hawamfukuzi mtu mzima, pengine ataletewa maji. Mkunazini muende jioni kidogo kisha mtoke Darajani mchukue bodaboda au teksi mpaka Michenzani. Mkirudi piteni Mnazi Mmoja muone Beit el Amani, lile lenye kuba, 1925, na mahakama ya Vuga ya 1908, zote mbili alichora J.H. Sinclair, Mwingereza aliyechanganya tao na kuba za Kiarabu kwenye ofisi za serikali. Ijumaa msipange mchana, njia zinafungana kwa swala.

Mavazi mnajua, mabega na magoti yafunikwe. Viatu vya soli ya mpira, mawe ya njia yanateleza yakilowa.

MchoraRamani
Nimewaelewa wote. Mama nimemsomea hiyo ya baraza ameshaanza kupanga khanga za kukalia. Nitavuka barabara kwenda Michenzani, Ngambo_Damu usiwe na wasiwasi. Chokaa_na_Boriti, kuna fundi yeyote wa chokaa anayekubali wageni wamwangalie akiwa kazini, hata saa moja? Niko tayari kumlipa muda wake.

Chokaa_na_Boriti
Wapo. Kwenye nyumba inayokarabatiwa ukiona pipa la chokaa laini nyeupe kama maziwa ya mgando na rundo la mawe mlangoni, piga hodi uulize fundi mkuu. Ukimwambia unachora nyumba atakupa na mwiko. Vaa nguo ambazo huzipendi, na mikono ioshe mapema, chokaa mbichi inachoma.

MchoraRamani
Sawa mkuu, glavu nabeba.